Nilivyomwita Auma Kutoka Kule

Jumatatu, 10 Machi

Kuna mtu ambaye sijawahi kumtaja mbele ya yeyote, hata mbele ya Mungu ninaposali. Ni karani. Anakaa Kule, kwenye meza ya mbao, ana muhuri mkononi, na nyuma yake hakuna njia.

Ninaandika kwa Kiswahili kwa sababu nyumbani hakuna atakayehangaika kukisoma. Mama anakizungumza sana sokoni Busia, lakini kukisoma humchosha. Mwalimu Okochi ameagiza kila mwanafunzi wa kidato cha tatu aandike shajara mpaka mvua hizi ziishe. Mimi ninaandika mbili. Ya kwanza nitampelekea: leo tulipanda karanga, leo tulikula ugali wa wimbi. Hii ya pili ninaificha chini ya godoro.

Kule nilianza kwenda nikiwa na miaka minane, nilipougua malaria wiki nzima. Kule hakuna kitu mpaka mtu akifikirie. Ukifikiria mto, mto unapita. Ukiacha kuufikiria unakauka, na samaki wanabaki wakihema kwenye tope, kwa hiyo ni lazima uwe mwangalifu. Nilijenga nyumba yenye vitabu mpaka kwenye mabati. Baba alipofariki, miaka miwili iliyopita, nilimfikiria Kule akaja, lakini alikuja bila sauti, kwa kuwa sauti yake nilikuwa nimeanza kuisahau.

Ubaya ni kwamba hofu nayo ni wazo, tena lina mbio kuliko mawazo mengine. Siku moja pale mpakani Busia Mama aliitwa ndani ya ofisi ya forodha, yeye na beseni lake la samaki, nikamngojea nje tangu asubuhi mpaka alasiri. Nilikwenda Kule kujificha, nikamkuta karani. Aliniuliza, "Umekuja na nani?" Tangu siku hiyo hajaondoka. Nikijaribu kutomfikiria, tayari nimemfikiria.

Wiki iliyopita radi ilimtisha mdogo wangu Auma. Ana miaka minane. Nikamsimulia Kule ili alale. Nilimpa mto na nyumba ya vitabu. Karani sikumpa.

Jumanne, 11 Machi

Mvua. Mtihani wa hesabu. Sikumaliza.

Ijumaa, 14 Machi

Baba mdogo Odoi amefyeka nyasi kuzunguka kichuguu chetu. Yeye na mkewe wanakaa upande wa pili wa ua, nao ndio wanaotutazama siku za wiki Mama anapokuwa Majanji, kando ya ziwa, akinunua mukene, wale dagaa wadogo, ili auze Busia. Kichuguu kilikuwa cha Baba. Hapa kijijini Mella kichuguu kina mwenyewe kama shamba lilivyo na mwenyewe, na hata ukihama, kumbikumbi wake ni wako. Baba mdogo anakitunza kwa niaba yetu.

Jioni Auma alikuwa anamenya mihogo. Nilimwita, hakuitika. Nikamwita mara tatu. Kisu kilikuwa mkononi, macho wazi, kope zikicheza kidogo kama za mtu anayetazama jua. Nilipotaka kumgusa akaendelea kumenya pale pale alipoachia.

"Ulikuwa wapi?" nikamuuliza kwa mzaha.

"Kule," akasema.

Nilicheka. Sasa naandika na sicheki.

Jumapili, 16 Machi

Mama alikuja jana, ananuka ziwa. Kanisani Auma alipotea tena, katikati ya wimbo. Wimbo ulipokwisha wote walifunga midomo, wa kwake ukabaki wazi. Mama alimfinya sikio.

"Huyu mtoto nasinzia sana," akaniambia njiani. "Nyinyi nalala saa ngapi?"

"Mapema, Mama."

"Vitabu vyako hivyo. Unamsomea mpaka taa nakwisha."

Alikuwa amekaribia ukweli kuliko alivyojua.

Alhamisi, 20 Machi

Mara nne leo. Nilizihesabu.

Jioni tulikuwa tunaosha vyombo. Auma akasema, kama mtu anayeulizia chumvi, "Awor, karani ni nani?"

Sufuria ilinitoka mkononi.

"Karani gani?"

"Wa Kule. Yule na muhuri."

Sijamwambia. Nimefikiri tangu hapo mpaka sasa na nina hakika sijamwambia. Nilimuuliza, "Amekuuliza kitu?" Akaitikia kwa kichwa. "Anauliza mtu amekuja na nani." Kisha akaenda kuwafukuza bata.

Kwa hiyo Kule hakuko kichwani mwangu peke yangu. Nilimfungulia Auma mlango, akapita, na aliyemkuta ni yule niliyemweka mimi.

Jumamosi, 22 Machi

Leo tuliwaita kumbikumbi. Mvua ya jana iliwaamsha, lakini hawatoki mpaka wasikie nyingine. Basi tunawapigia. Baba mdogo alichimba shimo dogo mbele ya matundu, akainamisha fito juu yake, akafunika kwa blanketi kuukuu. Tukakaa kuzunguka, kila mtu na vijiti viwili juu ya kigogo kikavu. Unaanza taratibu, tone, tone, halafu unaharakisha, halafu unapunguza, kama mvua juu ya majani ya migomba. Jua lilikuwa linawaka kabisa.

"Awor! Hiyo ni mvua ama ni harusi?" Baba mdogo akapiga kelele. "Pole pole. Huyu mdudu hana redio. Akisikia mvua, kwake ni mvua."

Wakaanza kutoka. Kwanza askari wenye vichwa vyekundu, kisha wenye mabawa, wakabubujika kama maji yanayochemka, wakaporomokea shimoni. Auma alikuwa anawala wabichi, mabawa yamemganda mdomoni. Halafu akasimama. Mkono karibu na mdomo, macho wazi.

Hakuna mwingine aliyeona. Mimi nilikuwa nimeshika vijiti, na hofu iliponipanda nikapiga haraka zaidi, nikimtazama yeye. Tone tone tone. Akapepesa kope. Akarudi. Akamtia kumbikumbi mdomoni.

Nimelifikiria jambo hili mpaka kichwa kinauma. Kumbikumbi wanatoka chini ya ardhi kwa sababu wanaamini mvua. Kule pia kitu kinachoaminiwa ndicho kilichopo. Basi mtu aliye Kule akisikia mvua ya nyumbani, atatoka.

Jumatatu, 24 Machi

Mara mbili. Nilimpigia kwa kijiko kwenye kikombe. Alirudi.

Jumanne, 25 Machi

Mara tatu. Alirudi.

Jumatano, 26 Machi

Mara moja, njiani. Nilipiga kwenye jalada la kitabu kwa vidole. Alirudi. Nashukuru kwa hilo na sijui namshukuru nani.

Alhamisi, 27 Machi

Mara tano. Sasa naogopa kwenda shule, maana asubuhi nzima hakuna wa kumpigia.

Jumatano, 2 Aprili

Wakati wa mapumziko Resty, anayekaa dawati langu, alisimulia habari za msichana wa kijijini kwao. Resty husimulia kwa mwili mzima. Alijitupa kwenye nyasi, akatikisa miguu, wasichana wakalia kwa kicheko.

"Sasa ana kikombe chake na sahani yake," akasema. "Shuleni walimrudisha nyumbani. Kile ni kifafa. Ukigusa mate yake, kwisha, na wewe nakuanguka."

Mimi huwa siongei kwenye vikundi. Leo nilisikia sauti yangu ikiuliza, "Kabla hajaanza kuanguka, alikuwaje?"

"Eh! Awor nasema!" Resty akakaa. "Alikuwa nakodoa macho tu, namna hii. Kama mbuzi nasikiliza mtu kwa mlango. Wewe nauliza kwa nini? Vitabu vyako hapana andika?"

Wakacheka tena. Nikacheka nao.

Nataka kuwa mkweli hapa kwa kuwa hakuna atakayesoma. Niliporudi nyumbani nilimtazama Auma akiruka kamba, na nilikuwa na majina mawili ya jambo lake. Nikachagua Kule. Kule kunanitisha, lakini Kule hakuna sahani ya peke yake, na kama tatizo liko Kule basi mimi ndiye ninayejua dawa.

Ijumaa, 4 Aprili

Katika somo la kemia nilifumba macho na kwenda Kule kwa makusudi, jambo ambalo nilijiapiza kutolifanya. Mto umekauka. Nyumba ya vitabu haina mlango. Auma alikuwa amekaa chini mbele ya meza, amenipa mgongo, amevaa sare ya shule. Karani alikuwa anaandika. Alikuwa anaandika kwa haraka, ukurasa baada ya ukurasa, na hakuinua kichwa kunitazama, kama mtu ambaye hanihitaji tena.

Nilifumbua macho, mwalimu alikuwa ananiuliza sifa za asidi.

Huenda nimemweka Auma pale mimi mwenyewe, kwa kuogopa kwamba nitamkuta. Kule siwezi kujua kipi nimekikuta na kipi nimekileta.

Jumapili, 6 Aprili

Mama alikuwepo. Tukiwa jikoni alifunga mlango.

"Mwenzako ana nini?"

"Hana kitu, Mama."

"Awor. Mimi naishi na samaki siku tano, siku mbili naishi na nyinyi. Macho yangu hayatoshi. Wewe ndiye macho yangu hapa. Auma ana nini?"

"Anachoka tu. Mvua inamnyima usingizi."

Akanitazama, akakubali. Aliondoka kabla ya mchana kuwahi gari la Busia.

Alhamisi, 10 Aprili

Mvua tangu alfajiri. Barabara imekatika kwenye daraja la miti. Auma alipotea akiwa karibu na moto, uji ukamwagika, kidogo umchome mguu. Nilipiga muda mrefu kuliko siku zote. Mapigo yalinikimbia, na mvua yangu haikufanana na mvua. Juu ya bati mvua ya kweli ilikuwa inapiga kwa nguvu, na hiyo haikumrudisha.

Sikutaka kulifikiria hilo. Nimeliandika ili lisinifikirie lenyewe.

Jumatatu, 14 Aprili

Naandika nikiwa hospitali kubwa ya Tororo, nimekaa kwenye kiti cha plastiki. Jumamosi na jana sikuweza.

Jumamosi mvua ilikuwa imekatika na Auma alikuwa uani anaokota mawe kwenye mukene walioanikwa kwenye turubai. Mimi nilikuwa nasoma mlangoni. Nilisikia sauti ambayo mwanzo nilidhani ni ya mbuzi. Nilipoinua macho alikuwa ameanguka juu ya samaki, mgongo umepinda, mikono imekakamaa. Kisha akaanza kutikisika, mwili mzima, kama kitu kinachotikiswa na mtu asiyeonekana. Macho yalikuwa meupe.

Nilichofanya ni hiki. Nilichukua kijiti, nikavuta beseni, nikapiga mvua.

Nilipiga taratibu. Nikapiga haraka. Nikapunguza. Midomo yake ilikuwa inageuka rangi ya majivu na povu lilikuwa linatoka, nami nilikuwa nachunga mapigo yangu yafanane na manyunyu. Nilikuwa namwona karani anainua muhuri. Nilikuwa nasema moyoni, mjibu, mwambie umekuja na mimi, mwambie dada yako yuko mlangoni. Sijui nilipiga kwa muda gani. Ninajua kwamba jirani alikuja akasimama kwenye ua wa miti, na wa pili, na wa tatu, na mimi bado napiga.

Baba mdogo alitokea shambani akikimbia, jembe mkononi.

"Awor! Unapiga nini?"

"Namwita!"

"Unamwita nani? Mtoto si kumbikumbi!"

Mkewe alikuwa mlangoni kwake, amejishika kichwa. "Msimguse!" akalia. "Mate, angalieni mate! Odoi, usimguse!"

Baba mdogo alisimama. Ni mtu mwema, ametulea, na niliona miguu yake ikirudi nyuma hatua moja, kisha nyingine. Wote walikuwa wamesimama kwenye duara na katikati ya duara tulikuwa mimi na beseni. Auma akatoa mkoromo kama wa maji kwenye mfereji ulioziba. Alikuwa anazama. Hakuwa mahali pengine popote. Alikuwa pale, juu ya turubai, kwenye matope, mbele ya macho yangu, anazama kwa mate yake.

Nikatupa kijiti. Nikapiga magoti kwenye samaki, nikamgeuza ubavu, nikamfuta kinywa kwa kiganja changu, nikafuta tena kwa gauni langu. Niliwaza: nami nitaanguka. Niliwaza: na iwe. Povu lilikuwa vuguvugu. Nilimshika kichwa kisigonge chini mpaka mtikisiko ukawa mdogo, ukawa wa vidole tu, ukaisha. Akavuta pumzi ndefu. Akalegea kama nguo iliyolowa.

"Nani ana pikipiki?" nikasema. Nilisema kwa sauti kubwa, na watu wakanitazama kama wameona jiwe linasema.

Jirani Paddy ndiye alikuja na bodaboda yake. Baba mdogo alikaa nyuma, akamshika Auma kwa mikono yote miwili, analia. Alisema njia nzima, "Nisamehe, Awor. Nisamehe, mwanangu." Mimi nilikuwa katikati na Auma kifuani, nami nilikuwa na langu la kuombea msamaha.

Kwenye kituo cha afya Auma alianguka mara ya pili. Daktari, mwanamke aliyevaa gambuti kwa sababu ya matope, alimchoma sindano. Mama aliwasili kutoka Busia saa mbili baadaye, aproni ya sokoni bado kiunoni. Daktari alikuwa amechuchumaa kando ya kitanda.

"Imeanza lini hii?"

"Leo, daktari," Mama akasema. "Mtoto wangu ni mzima. Ni leo tu."

"Leo," Baba mdogo akasema.

"Hakuna dalili nyingine kabla? Kukodoa macho? Kutoitika akiitwa?"

"Hapana. Ananiambia huyu mkubwa wake. Kila Jumapili namuuliza."

Daktari alimtazama Auma, akamtazama Mama. Hakunitazama mimi. Watu hawanitazami, nimejizoeza kutotazamwa, na ningeweza kubaki hivyo. Angeandika kwamba ni mara ya kwanza. Angetupa dawa ya homa na kuturudisha nyumbani.

"Tangu tarehe kumi na nne Machi," nikasema.

Mama akageuka.

"Kila siku. Mara mbili, mara tano. Macho yanabaki wazi, kope zinacheza, hasikii. Alhamisi iliyopita ilikuwa ndefu kuliko zote. Nilikuwa nampigia vijiti, kama kumbikumbi, na akirudi nadhani nimemrudisha."

"Angerudi hata usipopiga," daktari akasema. Hakusema kwa ukali.

"Sasa najua."

"Na Jumapili ile?" Mama akauliza polepole. "Nilipofunga mlango?"

"Hata ile nilijua, Mama."

Hakunipiga. Alikaa chini sakafuni, na aproni yake, akafunika uso. Afadhali angenipiga.

Daktari aliandika barua ya kutuleta hapa Tororo. Alisema ni kifafa, cha aina mbili katika mtoto mmoja, kile cha kukodoa macho na kile cha kuanguka, na kwamba hakiambukizi kwa mate wala kwa pumzi. Nilimwomba arudie hilo ili Baba mdogo asikie vizuri. Akarudia.

Jumanne, 15 Aprili

Auma amekula uji. Nilimuuliza kwa sauti ya chini kuhusu karani.

"Ni wewe nasema habari zake," akaniambia. "Usiku. Ukilala unaongea. 'Bwana karani, usipige muhuri. Sijaja na mtu, niko peke yangu.' Kila siku. Unanichosha."

Nikamuuliza, sasa ukipotea unakwenda wapi?

Akafikiri. "Siendi. Ni kama mtu amekata kipande cha siku. Nakuwa hapa, halafu nakuwa hapa tena, na kila mtu ananitazama."

"Kwa nini ulisema Kule?"

"Uliniuliza nilikuwa wapi. Sikujua. Wewe unapenda Kule, nikasema Kule."

Alikuwa peke yake, kipande baada ya kipande, mwezi mzima, mahali pasipo hata karani. Nimejaribu kupafikiria na siwezi. Hilo linanitisha kuliko yote niliyoandika humu.

Jumapili, 20 Aprili

Pasaka. Tuko nyumbani. Kidonge asubuhi, kidonge jioni. Amepotea mara moja tu tangu Ijumaa. Nilimshika mkono nikahesabu. Sekunde kumi na moja.

Jumatano, 23 Aprili

Jana Auma hakwenda shule. Alisema tumbo linauma, kisha akasema ukweli: watoto wa majirani wamekwisha kusimulia alivyoanguka.

Leo asubuhi nilimsindikiza. Nilimwomba mwalimu wake dakika chache kabla ya somo la kwanza. Darasa lina watoto themanini na zaidi, wanakaa wanne wanne. Nilisimama mbele yao. Nilishika meza, na maneno niliyoyapanga usiku yote yakanikimbia. Nikasema tu yaliyobaki. Nikasema Auma ana kifafa. Nikasema akianguka mlazeni ubavu, msimtie kitu mdomoni, sogezeni madawati, mmoja akamwite mwalimu, mwingine ahesabu sekunde. Akikodoa macho msimcheke, mngojeni.

Mtoto wa nyuma akanyoosha mkono. "Na mate yake?"

"Niliyafuta kwa mkono huu," nikasema, nikaunyoosha. Wa mbele wakajisogeza nyuma. Mmoja, msichana mwenye meno yaliyong'oka, alinyoosha shingo akautazama mkono kwa karibu, mbele na nyuma.

Nikawapangia wahesabuji wawili, huyo msichana na mwenzake wa pembeni. Auma akaenda kukaa kati yao. Nikamshukuru mwalimu, nikatoka, nikakimbia. Nilifika shuleni kwangu nikiwa nimechelewa saa nzima. Nilipewa adhabu ya kufyeka nyasi nyuma ya maktaba. Nikafyeka.